Usiku wa Miezi Miwili huja mara ngapi?

"Mwalimu, shikamoo. Mimi ni kijana wa Kisauni, Mombasa, naandika riwaya ya nchi isiyokuwepo, Visiwa vya Zumari, ambavyo nimevifananisha na pwani yetu. Angani kuna miezi miwili. Mkubwa anaitwa Bibi, hujaa kila siku 28. Mdogo anaitwa Mjukuu, hujaa kila siku 40. Mwaka wao una miezi 13 ya siku 28, jumla siku 364, na kila mwezi huanza Bibi anapojaa. Wiki ni siku saba kama yetu. Shujaa wangu, Mwanakheri, ana miaka 16. Alizaliwa Siku ya Mwaka, yaani siku ya kwanza ya mwaka, Usiku wa Miezi Miwili, Bibi na Mjukuu wakiwa wamejaa pamoja. Nimeandika kwamba usiku huo huja mara moja kila miaka 100, na bibi yake mzaa mama aliuona akiwa mtoto. Bahari hufurika usiku huo, maana bamvua, yale maji makubwa ya bahari, huja mwezi ukijaa. Majira ni manne: masika, kiangazi, vuli, na kipupwe chenye baridi kali. Rafiki yangu amesoma sura tano akaniambia kalenda haishiki hesabu, wasomaji watanicheka. Wiki ya tatu hii sijaandika hata mstari. Je, nianze upya? Na kwani kalenda ya nchi ya kubuni ni lazima iwe sahihi?"

Marahaba, mwanangu. Usianze upya. Nimeisoma barua yako, pamoja na sura ulizoniambatishia, mara mbili, mara ya pili na kalamu mkononi, na sura zako tano hazina ugonjwa wa kuzitupa. Zina namba moja iliyokosea, neno moja ulilolipita bila kuligeuza uone lina nini chini yake, na jambo moja la bahari ambalo hata watu waliozaliwa Mji wa Kale hulisema vile vile ulivyolisema wewe. Kuna na mambo madogo madogo, nitayagusa. Kazi ya siku mbili tatu, si ya kukufanya ukae wiki tatu umekunja mikono.

Rafiki yako anasema kalenda haishiki hesabu. Mimi nimefundisha jiografia mpaka nikastaafu, na kwa hisani ya majirani zangu wavuvi nimejifunza maji yanavyokwenda. Nami nakuambia kinyume: kalenda yako inashika hesabu kupita kiasi. Miezi 13 mara siku 28 ni 364 kamili. Ukigawa 364 kwa 7 unapata wiki 52 kamili. Hakuna hata siku moja iliyobaki nje ya mlango. Kisichoshika ni ile ahadi uliyompa msomaji juu ya usiku wako mkuu. Hebu tuihesabu.

Bibi hujaa siku ya 28, ya 56, ya 84. Mjukuu hujaa siku ya 40, ya 80, ya 120. Ukiwaanzisha pamoja, watajaa tena pamoja siku ya namba ndogo kabisa ambayo 28 na 40 zote zinaigawa bila baki, na namba hiyo ni 280. Siku 280 hazifiki hata mwaka! Katika miaka 10 ya Zumari usiku wako wa ajabu utakuwa umekuja mara 13, na watoto waliozaliwa usiku huo watajaza chuo. Ukisema unautaka ule unaoangukia Siku ya Mwaka yenyewe, kama alivyozaliwa Mwanakheri, bado utangoja miaka 10 tu.

Na hata hiyo 100 ungeipata, ingekuvunjia kingine. Mwanakheri ana miaka 16, kwa hiyo usiku uliotangulia wa kwake ulikuwa miaka 116 nyuma, na bibi yake aliuona akiwa mtoto. Bibi huyo leo ana umri gani? Labda Zumari watu huishi hivyo, lakini hukuniambia.

Dawa ninayoipenda mimi ni kumwongezea Mjukuu siku moja. Awe wa siku 41. Sababu yake ni hii: 364 imeundwa kwa 2, 7 na 13, na ukichagua mzunguko wa mwezi mdogo usiogawanyika kwa namba yoyote kati ya hizo tatu, basi miaka ya kungoja miezi miwili ijae pamoja Siku ya Mwaka itakuwa sawasawa na siku za mzunguko huo. Kwa 40 haikuwezekana kwa sababu 40 na 364 zote zinagawanyika kwa 4. Kwa 41 utangoja miaka 41. Sasa tazama bibi yake: 16 na 41 ni 57, na kama alikuwa na miaka 8 alipoinua macho akaona, leo ana 65. Ana nguvu zake, anauza ubani sokoni, na katika mji mzima ni wachache wanaoweza kusema wameuona mara mbili. Huyo sasa ni mhusika. Ukimfanya ajuza wa miaka 120 na zaidi utalazimika kumweleza kabla hajafungua mdomo.

Namba 41 inakupa na nyongeza usiyoiomba. Miezi hiyo itajaa pamoja kila siku 1,148, ambazo ni miaka mitatu na miezi miwili kamili ya Zumari. Kwa hiyo usiku huo hautulii mahali pamoja. Mara hii uko mwezi wa kwanza, mara nyingine wa tatu, kisha wa tano, hivyo hivyo mpaka wa 13, halafu unarukia wa pili, wa nne, wa sita, hadi kila mwezi upate zamu yake ndipo urudi Siku ya Mwaka. Kuna watu basi waliozaliwa Usiku wa Miezi Miwili wa mwezi wa tano au wa nane, ambao nao wanajiona wana baraka, na kuna wale wa Siku ya Mwaka wanaowatazama kwa jicho la pembeni. Sijui kama unahitaji ugomvi huo. Mimi ningeuchukua.

Ukiing'ang'ania miaka 100, iliyo karibu kwa kanuni ile ile ni 99, yaani mwezi mdogo wa mzunguko wa siku 99. Lakini mwezi unaojikokota hivyo watu hawataupangia sherehe kila wakati, na bibi itabidi umtoe. Na nakiri kabla sijaiacha ile 40 yako ilinishika mkono kidogo. Siku 280 ndizo wakunga wanazohesabu kutoka hedhi ya mwisho hadi kujifungua, wiki 40. Ukibaki na 40, mwanamke wa Zumari aliyeona siku zake Usiku wa Miezi Miwili akashika mimba hutazamiwa kujifungua usiku wa namna hiyo unaofuata. Usiku huo ungekuwa mali ya wakunga, si ya wafalme. Hiyo ni hadithi nyingine kabisa, na pengine tamu zaidi, ila siyo iliyomo katika sura zako tano.

Sasa swali lako la pili, kama ni lazima kalenda iwe sahihi. Mwanangu, hakuna iliyo sahihi. Mwezi wetu huu mmoja huchukua siku 29 na nusu na kitu kidogo kutoka mwandamo hadi mwandamo. Kumi na mbili za namna hiyo ni siku 354 na ushei. Jua nalo lina mwaka wake wa siku 365 na karibu robo. Zinapishana siku 11 hivi, na hata ufanyeje, moja haiingii ndani ya nyingine bila kubaki kitu. Kila taifa limelazimika kuamua litamfuata nani na litamwacha nani. Waislamu wameufuata mwezi wakaliacha jua, ndiyo maana Ramadhani hutembea: aliyeifunga Januari jua likimchoma, baada ya miaka 16 hivi ataifunga katikati ya mwaka wakati wa kipupwe. Wazungu wamelifuata jua, na wamebaki na kitu wanachokiita mwezi ambacho hakina habari na mwezi wa angani. Hata hilo jua lenyewe liliwapiga chenga. Kalenda yao ya zamani ilizidisha kidogo sana kila mwaka, na kufikia 1582 ilikuwa imeteleza siku 10. Papa Gregory XIII akaamuru waliolala tarehe 4 Oktoba waamke tarehe 15. Waingereza hawakukubali mpaka 1752, na Warusi mpaka 1918. Miaka yote hiyo mfanyabiashara alikuwa akivuka mpaka anabadilisha tarehe kama anavyobadilisha fedha.

Na huku kwetu usidhani hatukuwa na yetu. Manahodha na wakulima wa mwambao walihesabu mwaka wa jua ulioanzia Nairuzi, Siku ya Mwaka, na waliuhesabu kwa miongo, kumi kumi: miongo 36, kisha siku 5 za mwisho, jumla 365. Nahodha hakuuliza ni mwezi gani, aliuliza ni mwongo wa ngapi, akajua kama pepo zimefunguka au bado. Ila robo ya siku hawakuijaza. Kila miaka minne Siku ya Mwaka hurudi nyuma siku moja. Karne ya 19 ilikuwa ikiangukia Agosti, na leo ukienda Makunduchi kule Unguja utakuta wanaoga mwaka mwezi wa Julai. Kalenda imeteleza zaidi ya mwezi, na watu wanapigana kwa migomba kwa furaha vile vile.

Hata ile miezi yako 13 ya siku 28 imewahi kutumika, tena kwa kazi kavu kabisa ya mahesabu: kampuni ya Kodak ya Marekani iliendesha vitabu vyake kwa kalenda ya namna hiyo kuanzia 1928 hadi 1989, na katika muundo wa kalenda hiyo siku ya 365 iliwekwa nje ya wiki, haina jina la Jumatatu wala Jumanne. Kwa hiyo asikucheke mtu.

Swali la kujiuliza, basi, ni hili: katika Zumari, kinachobaki kimewekwa wapi, na nani anakilinda? Unaweza kusema jua la Zumari huzunguka kwa siku 364 kamili. Ruhusa unayo, dunia ni yako. Lakini nchi kama hiyo haihitaji mwanafalaki, haihitaji mzee wa kutangaza, mtoto wa miaka saba anajua kila kitu. Ama unaweza kusema jua lao ni la siku 365, kalenda ikasema 364, na siku moja ikawa inapotea kila mwaka. Baada ya miaka 28 kalenda itakuwa imetangulia mwezi mzima, na upepo uliokuwa ukiingia mwezi wa nne utaingia wa tano. Hapo lazima mtu aamue kuongeza mwezi. Na siku ya kuongeza mwezi, mpangaji anauliza kama atalipa kodi mara mbili, na mwenye nyumba ameshajibu. Kalenda ni mapatano, na mapatano yana wanaofaidi. Ukishajua nani anafaidi katika Zumari hutahitaji rafiki yako akuambie kama inashika.

Unayajua haya kwa macho yako. Jioni ya tarehe 29 ya Ramadhani nusu ya Mombasa iko barazani na ufuoni, shingo zimeelekezwa magharibi, nusu nyingine iko kwenye simu inauliza "umeonekana?" Wako wanaongoja Kadhi Mkuu atangaze, wako waliokwisha kufuata Saudia, na ndani ya nyumba moja ndugu wawili hula sikukuu siku mbili mbalimbali. Hilali ina sifa hiyo: ama umeiona ama hukuiona, na wingu moja linatosha kugawa mji. Wewe umeanza miezi yako kwa mwezi mpevu, ambao una tabia nyingine. Mpevu kila mtu anauona, lakini ni vigumu kwa jicho kusema ni leo au ni jana, maana usiku wa kabla na wa baada yanafanana. Kipimo cha watu wa zamani kitakusaidia: usiku wa kujaa, mwezi hutoka mashariki wakati jua linazama magharibi. Hapo hapo umepata jambo jingine bure: siku ya Zumari inafaa ianze magharibi, kama ilivyokuwa kwetu, ambapo mzee akisema "usiku wa Ijumaa" anakusudia ule unaoitangulia Ijumaa, ambao kijana wa leo anauita Alhamisi usiku. Mwanakheri amezaliwa usiku. Hakikisha umejua ni usiku wa tarehe ipi.

Nije kwenye neno nililosema umelipita. Ni neno "mwezi" lenyewe. Katika lugha yetu kile kinachong'aa angani na kile unacholipia kodi ni neno moja, na watu wako wana miezi miwili. Sura ya pili umeandika "baada ya mwezi mmoja baharia akarudi". Mwezi gani? Wa Bibi ni siku 28, wa Mjukuu ni 41. Tofauti ya siku 13 si ndogo kwa mke anayengoja, wala kwa mtu anayedaiwa. Zumari lazima wawe na namna ya kusema: labda "bibi" limekuwa neno la kipimo, mtoto ana bibi sita na ameanza kukaa, na "mjukuu" ni kipimo cha safari za mbali. Na hebu fikiria mkopeshaji anayeandika hati "baada ya miezi mitatu". Anayedai atasema alikusudia ya Bibi, siku 84. Anayedaiwa ataapa kwamba ni ya Mjukuu, siku 123. Mwandishi wa lugha ambayo mwezi wa angani na mwezi wa tarehe ni maneno mawili hana zawadi hii. Wewe umepewa na lugha yako, na umeiacha mezani imefunikwa kawa.

Bahari. Umeandika bamvua huja mwezi ukijaa. Ni kweli nusu. Bamvua huja mara mbili kwa mwezi: mwezi ukijaa, na pia ukiwa gizani kabisa, haujaandama. Maji huvutwa na mwezi, na jua nalo huvuta, kwa nguvu inayopungua kidogo nusu ya ile ya mwezi. Vikiwa kwenye mstari mmoja, iwe mwezi uko upande wa jua au upande wa pili, mivuto hujumlishwa na maji hujaa sana na kupwa sana. Mwezi ukiwa nusu, mivuto hupingana na tunapata maji mafu. Hapa Mombasa wakati wa bamvua tofauti ya kujaa na kupwa hukaribia mita 4, na maji hukauka zaidi mwendo wa saa nne, saa tano asubuhi. Ndipo utakapoona kina mama na vijana wakielekea mwambani kusaka pweza. Kila siku inayofuata wakati unasogea mbele dakika 50 hivi. Mtu wa pwani anaijua saa kwa maji, kwa hiyo wahusika wako wasiulizane saa ngapi kama watu wa ofisini.

Kwa miezi miwili kanuni ni hiyo hiyo, imeongezwa mkono wa tatu. Ukubwa wa Mjukuu si hoja sana kama umbali wake: ukiusogeza mwezi mara mbili ya umbali, uwezo wake wa kuinua maji hushuka hadi sehemu moja ya nane. Sasa kumbuka zile siku 1,148. Gawa kwa mbili: 574. Siku hiyo, katikati kabisa ya safari kutoka Usiku mmoja wa Miezi Miwili hadi mwingine, Mjukuu amejaa kwa sababu 574 ni mizunguko yake 14 kamili, na Bibi yuko gizani kwa sababu kwake ni mizunguko 20 na nusu. Angani unaonekana mwezi mdogo peke yake. Hakuna ngoma wala ubani, wakuu wa nchi wamelala. Lakini jua, Bibi na Mjukuu wako kwenye mstari mmoja, na bahari inapanda sawasawa na ule usiku mkuu. Wenye kalenda ya ikulu hawaihesabu siku hiyo. Wavuvi wanaijua. Mwanangu, nilipoifikia hesabu hii niliacha kalamu nikacheka peke yangu. Kama kuna mtu anataka kuingiza majahazi juu ya mwamba ambao siku zote huwazuia, umeshampa siku.

Majira yako manne yanatoka kwenye vitabu vya shule, ambavyo vilikuwa na misimu minne ya Ulaya vikahitaji maneno manne ya Kiswahili, basi vuli ikafanywa kipindi cha majani kupukutika. Masika ni mvua kubwa, vuli ni mvua ndogo, na kipupwe chetu ni ubaridi wa kujifunika leso mbili, si baridi kali. Mombasa iko nyuzi nne tu kusini mwa ikweta, na tofauti ya mchana mrefu kuliko yote na mfupi kuliko yote haifiki nusu saa. Huku mwaka unagawanywa na pepo. Kaskazi huleta vyombo kutoka Arabuni na Bara Hindi, kuanzia Desemba hivi hadi Machi. Kusi huvirudisha, na matlai hupita katikati. Vasco da Gama alipotoka Malindi mwishoni mwa Aprili 1498 na rubani wa kumwonyesha njia, alifika Calicut, Bara Hindi, kabla mwezi haujatimia. Aliporudi hakungoja upepo wake, na bahari ile ile ikamchukua karibu miezi mitatu, wengi wa watu wake wakafa njiani. Mpe Zumari pepo mbili zenye majina, na uamue ziko mwezi wa ngapi. Inatosha.

Kuna kosa dogo la wiki. Kwa kuwa 28 hugawanyika kwa 7, tarehe 9 ya kila mwezi wa Zumari ni siku ile ile ya wiki, milele. Sura ya kwanza tarehe 9 ni Jumanne, sura ya nne ni Ijumaa. Ama rekebisha, ama vunja wiki. Wiki haimo angani, ni desturi ya watu. Jirani zetu Wamijikenda walikuwa na wiki ya siku nne, na Jumwa ikawa siku ya kupumzika na ya soko. Mpaka leo kuna mabinti wanaoitwa Jumwa, kama sisi tulivyo na Juma, Hamisi, Ramadhani na Mwaka. Majina ya watu wa Zumari yanaweza kubeba kalenda yote bila wewe kueleza neno.

Namna ya kuweka haya kwenye riwaya: usiyaweke. Jedwali likae kwenye daftari lako. Msomaji apate kivuli tu cha mambo haya. Watu hawaishi kwa tarehe. Wazee wetu wangali wanasema mtoto fulani alizaliwa kabla ya daraja jipya la Nyali, au mwaka wa mvua za elinino, na tunaelewana.

Mahali ambapo barua haitoshi ni hapa. Maji huwezi kuyaandika kwa kusoma jibu langu. Tafuta siku mbili tatu baada ya mwezi kujaa, shuka ufuoni saa nne asubuhi na mvuvi unayemwamini, akuonyeshe maji yalikofika na yalikoishia, na umuulize majina ya kila hali, maana anayo zaidi yangu. Ukitaka kuingiza hesabu za falaki zinazokaribia ibada, keti na mwalimu wa falaki ana kwa ana kabla hujachapisha, kwa heshima ya msomaji na yako pia. Na ukiamua kwamba mizunguko si namba kamili, tuseme Bibi ni siku 28 na robo, usihangaike na vidole. Mwombe mwalimu yeyote wa hesabu akutengenezee jedwali kwenye kompyuta, ni kazi ya saa moja.

Kwa sasa fungua faili, tafuta 40 uandike 41, tafuta miaka 100 uandike 41, ifute ile sentensi ya bamvua, na uende sura ya sita. Ukishaipata siku ya 574 niandikie wavuvi wa Zumari wanaiitaje. Nimejaribu majina matatu na hakuna lililonikaa mdomoni.